Isba: kipimo cha nyota cha waendesha vyombo wa Bahari ya Hindi. Ni kidole, ni pembe au ni mwendo?

MtuWaTezi (mleta mada)

Wakuu, salaam kwenu.

Uzi mmoja wa historia ya pwani umegeuka uwanja wa ubishi juu ya neno hili, nikaona nilifungulie uzi wake kuliko kuteka wa watu. Neno lenyewe ni isba. Mmoja kashikilia kuwa ni umbali, aina ya maili. Mwenzake kasema ni kidole tu, watu wa kale walikuwa wanakisia, tusiwapambe. Kila mmoja ana kipande chake cha ukweli.

Kwa Kiarabu isba ni kidole, hilo halina mjadala. Lakini kwa mwalimu wa chombo, yule anayejua njia na nyota, isba ni kipimo cha pembe: nyota imepanda kiasi gani juu ya upeo wa bahari. Nyosha mkono mbele, funga jicho moja, laza kidole juu ya mstari ambapo maji yanakutana na mbingu. Upana wa kidole unaziba kama digrii moja na nusu hadi mbili. Nyota ikikaa juu ya vidole vinne vilivyolala, hiyo ni isba 4.

Asili ni hiyo, ila hawakuliacha jambo kwenye vidole vya mtu, maana vidole vya Juma si vya Hamisi. Ahmad ibn Majid, mwana wa Julfar (Ras al-Khaimah ya leo), aliyeandika kitabu kikubwa cha elimu ya bahari karibu na mwaka 1490, analigawa duara zima la mbingu katika isba 224. Gawanya 360 kwa 224, unapata digrii 1 na dakika 36. Na hiyo 224 haikuokotwa njiani. Manzili za mwezi, yaani vituo vya nyota ambavyo mwezi hupitia mbinguni, ni 28. Kila moja ukiipa isba 8, unapata 224. Dira yao ilikuwa na pande 32, zilizopewa majina ya nyota zinakochomoza na kuzama; kila upande ukiupa isba 7, unapata 224 ile ile. Aliyepanga hivi alitaka mwezi, dira na urefu wa nyota viingiane bila kubaki mabaki.

Sasa njoo kwenye utamu wake. Nyota iliyo karibu na ncha ya kaskazini ya mbingu, pale ambapo nyota zote zinaonekana kupazunguka, hupanda kadiri unavyokwenda kaskazini na hushuka ukirudi kusini, digrii kwa digrii. Kwa hiyo isba moja ya nyota ni isba moja ya safari: maili 96 za bahari, kama kilomita 178. Waliigawa isba mara nane, kila sehemu wakaiita zam, mwendo wa saa tatu. Ndiyo hiyo zamu yetu ya kupokezana lindo. Zamu nane ni usiku na mchana mzima. Maana yake chombo kikielekea kaskazini moja kwa moja kwa upepo mzuri, ukipima leo na ukapima kesho saa kama hiyo, nyota imepanda isba moja. Maili 96 kwa saa 24 ni maili 4 kwa saa, mwendo wa kawaida kabisa wa jahazi lililosheheni.

Kwa hiyo aliyesema ni umbali hakuzusha. Alichoacha ni kwamba umbali huo unasomwa juu, hausomwi majini.

Karibuni tujadili.

Kikombo

Nimekaa mkao wa kula. Endeleeni.

Mpiga Bildi

Mada nzuri mkuu, ila mimi nimeshapanda jahazi. Kusi ikichachamaa hata kikombe cha chai hukishiki vizuri, itakuwa kunyoosha kidole na kusoma nyota? Mkono unapanda, chombo kinashuka, isba moja inakuwa tatu. Hizo digrii 1 na dakika 36 ni za mezani.

Hesabu_Ngumu

Mpiga Bildi, ndiyo maana hawakupima kwa mkono mtupu. Walikuwa na kifaa kinachoitwa kamali. (Si ile ya kuchezea fedha, tulieni.)

Ni kibao cha mstatili kilichotobolewa katikati na kupitishwa uzi. Uzi una mafundo. Unauma fundo kwa meno, unasukuma kibao mbele mpaka uzi ukaze, kisha unaugusisha ukingo wa chini na upeo wa bahari, ukingo wa juu na nyota. Ukiona maji chini ya kibao, bado. Kibao kikiimeza nyota, umepitiliza. Vikigusa vyote viwili kwa pamoja, fundo lililo menoni ndilo jibu. Fundo la karibu na kibao ni pembe kubwa, la mbali ni pembe ndogo. James Prinsep, Mwingereza aliyekuwa Kalkata, alichapa maelezo ya kifaa hiki mwaka 1836 pamoja na mpangilio wa mafundo yake, kwa hiyo karne ya 19 kamali ilikuwa bado kazini. Enzi za Ibn Majid kulikuwa na namna nyingine: vibao vya ukubwa tofauti, kila kimoja na isba zake, badala ya kibao kimoja chenye mafundo mengi.

Kuhusu kuyumba. Astrolabi, kile kifaa cha duara cha kupimia urefu wa jua na nyota, unaining'iniza, na inategemea uzito wake kujua chini ni wapi. Sitaha ikicheza nayo inacheza. Kamali haina habari na chini. Inatazama upeo na nyota kwa jicho moja, kwa wakati mmoja, na hivyo viwili haviachani hata chombo kikilala ubavu. Unachohitaji ni kupata upenyo wa sekunde mbili tatu vikiwa vimegusa.

Anayetaka kuitengeneza, hesabu ni nyepesi. Kata kibao cha upana wa sentimita 5. Chukua 178, gawanya kwa idadi ya isba, unapata umbali wa fundo kutoka kwenye kibao kwa sentimita. Isba 3 ni sentimita 59, karibu mkono mzima. Isba 4 ni 44 na nusu. Isba 6 ni kama 30. Isba 8 ni 22, na hapo kibao kiko puani. Ukizidi hapo unahitaji kibao kikubwa zaidi, na sasa unaelewa kwa nini walipenda nyota zilizo chini, si zile za utosini.

Mpiga Bildi

Hapo kwenye kuyumba umenipata kidogo. Lakini usitupambie sana. Mwaka 1500, meli za Mreno Cabral zilipofika Brazili, alikuwamo mnajimu mmoja anaitwa Mestre João. Tarehe 1 Mei alimwandikia mfalme wa Ureno barua. Alisema astrolabi baharini unakosea digrii nne au tano kwa kuyumba kidogo tu, ni ya kutumia nchi kavu. Sawa, hilo linakuunga mkono. Ila akaongeza kuwa vibao vya Kihindi navyo ni karibu yale yale, kazi pevu, na kwamba mfalme angejua jinsi marubani wake walivyokuwa wanatofautiana kwenye zile "inchi" za vibao, angecheka kuliko alivyocheka astrolabi. Hizo inchi ndizo isba zenu.

MtuWaTezi

Mpiga Bildi, barua hiyo naijua na ni shahidi mzuri kwa pande zote mbili. Angalia mwaka. Vasco da Gama alirudi Ureno 1499. Vibao vilikuwa mikononi mwao kwa miezi tu, wanavitumia Atlantiki, bila mwalimu wa kuwafundisha, bila orodha ya bandari na isba zake. Kibao bila orodha ni mbao. Ukishajua kwamba nyota iko isba 7, halafu? Isba 7 ni wapi? Mwalimu wa chombo alikuwa na jibu kichwani, bandari kwa bandari. Rubani wa Lisbon hakuwa nalo.

Halafu kuna upande wa mazoea, ambao kwenye vitabu hauonekani. Mtu aliyeanza kuuma fundo akiwa kijana wa kupanga kamba, hatapima sawa na aliyekipokea kibao mwezi uliopita.

ProfesaWaKijiweni

Mnazunguka tu. Si Ibn Majid mwenyewe aliyempeleka da Gama kutoka Malindi hadi Kalikuti, India? Tumefundishwa shuleni. Huyo ndiye aliyewapa Wareno isba, na ndiye aliyeuza bahari yetu.

MtuWaTezi

Profesa, hiyo habari imepita madarasani miaka mingi lakini haisimami. Chanzo chake ni al-Nahrawali, mwandishi wa Makka wa karne ya 16, aliyeandika miongo kadhaa baada ya tukio kwamba Ahmad ibn Majid aliwaonyesha njia akiwa amelewa. Msomi Mfaransa Gabriel Ferrand akaisambaza Ulaya miaka ya 1920, na kutoka hapo ikaingia kila mahali. Watafiti waliokuja kuichambua kwa karibu, akiwamo Tibbetts aliyemfasiri Ibn Majid kwa Kiingereza, hawakuikubali.

Wareno wenyewe wanasema nini? João de Barros, mwandishi wao wa historia, anamtaja rubani wa Malindi kuwa Mwislamu wa Gujarati, jina Malemo Caná. Hiyo "Malemo" ni mwalimu, cheo cha kazi. Barros anasimulia kwamba da Gama alimwonyesha astrolabi kubwa ya mbao na nyingine za chuma, akitegemea mtu atoe macho. Jamaa hakushtuka. Akasema marubani wa Bahari ya Shamu wanavyo vya shaba vya kupimia jua na nyota, lakini yeye na wenzake wa Kambay na India wanatumia kitu kingine. Akakitoa, akamwonyesha: vibao vitatu.

Mnaona hapo? Kipimo cha isba kinaingia kwenye maandishi ya Ulaya kupitia bandari ya Malindi, Aprili 1498. Waling'oa nanga tarehe 24, mwanzoni mwa kusi, na Mei 20 wakatia nanga Kalikuti. Malindi iko digrii 3 kusini ya ikweta, Kalikuti 11 kaskazini. Ni kama isba 9 za kupanda, ukiacha upande wa mashariki.

Binti_Nungwi

Samahani kaka MtuWaTezi, nimesoma kila kitu lakini kuna jambo mmelirukia. Nyota ya kaskazini, Jaa, huku kwetu haionekani! Nimekulia Nungwi, ncha ya juu kabisa ya Unguja, kaskazini ni bahari tupu, na sijawahi kuiona kwa sababu iko chini ya upeo. Sasa hao walimu wa vyombo walikuwa wanapima nini wakifika Mombasa au Kilwa? Au isba ilikuwa ya watu wa Oman na India tu?

Kikombo

Swali la mwezi hilo.

Hesabu_Ngumu

Bi Nungwi umegusa penyewe. Nitajibu kwa kirefu kidogo, mnivumilie.

Kwanza Jaa. Kamusi za zamani za Kiswahili zinalo neno jaa kwa maana ya kaskazini, kama vile suheli kwa kusini, na yote mawili ni majina ya nyota. Kwa hiyo Jaa ilijulikana pwani hata kama haikuonekana kutoka barazani. Nahodha aliyekwenda Maskati aliiona ikipanda.

Pili, Jaa ya wakati ule haikuwa pale ilipo leo. Sasa hivi iko kama theluthi mbili za digrii kutoka kwenye ncha ya mbingu. Karibu na mwaka 1500 ilikuwa digrii 3 na nusu kutoka hapo, kwa sababu mhimili wa dunia unazunguka polepole na ncha inahama kati ya nyota. Kila usiku Jaa ilikuwa inachora duara pana. Ikiwa juu ya ncha unapata namba moja, ikiwa chini ya ncha unapata namba pungufu kwa digrii 7, zaidi ya isba 4. Ukichanganya hizo mbili umekosea kwa zaidi ya kilomita 700. Wao walilijua hilo na walikuwa na nyongeza yake, inaitwa bashi: unaangalia ni manzili gani ya mwezi inapita juu wakati huo, unajua Jaa iko upande gani wa duara lake, unaongeza isba zinazotakiwa. Ndiyo maana nasema waliosema "walikuwa wanakisia" hawajaangalia ndani.

Tatu, ndilo swali lako. Ikiwa chini ya ncha, Jaa ya wakati huo ilikuwa inagusa maji ukiwa digrii 3 na nusu kaskazini ya ikweta, yaani hata Muqdisho ilikuwa imeshazama. Kuanzia hapo kuteremka, mwalimu alihamia kwa Farkadani, nyota mbili za kundi la Dubu Mdogo ambazo nazo zinazunguka ncha lakini kwa duara kubwa. Zikifika juu kabisa ya duara lao, zinaonekana hata Kilwa. Ukizidi kusini unatumia Na'shi, nyota za Dubu Mkubwa, ambazo duara lao ni kubwa zaidi. Ibn Majid ana utenzi mzima wa njia ya Sofala, pwani ya Msumbiji, na alitumia utenzi ili namba zikae kichwani usiku bila taa. Nakala yake ilihifadhiwa Leningrad, na msomi wa huko, Shumovsky, akaichapisha mwaka 1957.

Kwa hiyo pwani yetu ilikuwa na isba zake, za nyota nyingine tu. Ni muhimu kulitaja jina la nyota ukisema namba. "Isba 4" peke yake haina maana. Isba 4 za Jaa na isba 4 za Farkadani ni bandari mbili zilizo mbali kabisa.

Binti_Nungwi

Ahsante sana. Sasa hiyo kuhama kwa ncha inanisumbua. Ikiwa Farkadani nazo zimehama, si namba za zamani zote zimeoza?

Hesabu_Ngumu

Zimeoza, ndiyo, na tunaweza kujua zimeoza kiasi gani. Nimepiga mwenyewe hesabu ya ile nyota angavu ya Farkadani, ambayo siku hizi wanaiita Kochab. Mwaka 1500 ilikuwa kama digrii 14 kutoka kwenye ncha, leo ni kama 16. Kilwa Kisiwani iko takriban digrii 9 kusini. Wakati ule Kochab ikiwa kileleni ilikuwa digrii 4.9 juu ya maji ya Kilwa, isba 3 kamili kwa kipimo cha Ibn Majid. Leo ni digrii 7 hivi, zaidi ya isba 4 na robo.

Chukua mwalimu wa enzi hizo, mpe jahazi leo, mwambie aende Kilwa. Atateremka na kaskazi huku anapima kila usiku, akisubiri isba 3. Atafika mbele ya Kilwa, kamali inamwambia bado. Atapita Lindi, atapita Mtwara. Isba 3 ataipata kusini ya Rasi Delgado, ameshavuka mpaka wa Msumbiji.

Mpiga Bildi

Hahaha, na uhamiaji wanamsubiri.

Sawa, kwenye kupima nimelainika. Bado moja. Mnazungumza kaskazini na kusini tu. Kutoka Malindi kwenda India unakata bahari kuelekea mashariki, siku nyingi. Isba inakuambia nini hapo?

MtuWaTezi

Haikuambii kitu. Nyota ya kaskazini haipandi wala haishuki ukienda mashariki. Hapo walikuwa na mbinu inayotumia udhaifu wenyewe: unapanda kaskazini mapema mpaka ufike isba ya bandari unayoitaka, kisha unageuza omo na kushika mstari huo huo, nyota ikae palepale kila usiku. Lazima utaigonga pwani, na utaigonga karibu na bandari yako. Swali linabaki ni lini tu.

Na hilo la lini lilijibiwa kwa kuhesabu zamu na kwa ishara za bahari. Ibn Majid anazitaja: nyoka wa baharini wanaoonekana ukikaribia pwani ya India, aina za ndege, rangi ya maji, na bildi yako wewe, mkuu, ile kamba yenye risasi ya kupimia kina. Kina na udongo unaonata chini ya risasi vinakuambia uko wapi kuliko nyota yoyote.

Mpiga Bildi

Hapo sasa tumeheshimiana.

Sitaha_Juu

Nimesoma kimya kimya muda mrefu, naongeza mawili.

La kwanza, isba haikuwa na thamani moja. Kwa Sulaiman al-Mahri, aliyekuja baada ya Ibn Majid mwanzoni mwa karne ya 16, duara ni isba 210, si 224. Hapo isba moja inakuwa digrii 1 na dakika 43. Amiri wa Kituruki Seydi Ali Reis, alipokwama Gujarati akaandika kitabu chake cha ubaharia, Muhit, mwaka 1554, alifuata hesabu ya namna hiyo. Tofauti ya dakika 6 na nusu hivi inaonekana ndogo, lakini kwa isba 10 ni zaidi ya digrii nzima, karibu kilomita 120. Mkikutana na namba ya isba kwenye maandishi yoyote, ulizeni kwanza ni ya nani kabla hamjaibadili kuwa digrii. Nimeona watu wanachora ramani kwa kuchanganya zote mbili, halafu wanalaumu mabaharia kwamba walikosea.

La pili, Wachina. Ramani za safari za Zheng He, amiri wa China, zilizohifadhiwa ndani ya Wubei Zhi, kitabu cha mambo ya vita cha karne ya 17, zina urefu wa nyota uliopimwa kwa zhi, na zhi ni kidole. Walitumia vibao vya mraba vya ukubwa tofauti. Malindi na Mombasa zimo kwenye ramani hizo. Kwa hiyo mwanzoni mwa karne ya 15, Mwarabu, Mgujarati na Mchina walipokutana bandarini Kalikuti, wote walikuwa wanaitaja mbingu kwa vidole. Nani alimfundisha mwenzake, watu wanabishana mpaka leo. Mimi naona anayeuliza hivyo anasahau kuwa vibao vilikuwa vinasafiri kwenye chombo kimoja na watu wa kila taifa. Kipimo kama hiki hakina mwenyewe mmoja.

ProfesaWaKijiweni

Sitaha_Juu umenyoosha. Ila swali langu la mwisho: mbona kimekufa? Kama kilikuwa kizuri hivyo.

Sitaha_Juu

Kilikufa polepole, Profesa, na kwa sababu mbili zinazoeleweka. Kwanza vitabu vya majira ya jua na ramani za Ulaya vilikuja kwa digrii. Ukinunua ramani ya digrii, orodha yako ya isba inabidi uibadili yote, na ukishaibadili huna haja nayo tena. Pili ni sekstanti. Inasoma dakika moja ya pembe, na inapima jua mchana kweupe bila kusubiri nyota na upeo vionekane pamoja. Hilo la upeo si dogo. Usiku wa giza nene huoni maji yanaishia wapi, kwa hiyo kamali inataka alfajiri, magharibi au mbalamwezi. Nahodha mwenye sekstanti anapima saa sita mchana na kulala.

Lakini usisahau ile ya Prinsep. 1836 ni zaidi ya miaka 300 baada ya Wareno kufika, na kamba yenye mafundo ilikuwa bado inaumwa kwa meno.

Binti_Nungwi

Nataka kujaribu. Nyumbani kaskazini ni bahari tupu, kibao nitakata mwenyewe. Nipime nini na lini?

Hesabu_Ngumu

Bi Nungwi, wewe una mahali pazuri kuliko sisi wote. Pima Kochab. Subiri wiki ya tatu ya Juni, kama saa tatu na robo usiku, itakuwa kaskazini kabisa, kileleni mwa duara lake. Ni nyota ya rangi ya chungwa iliyofifia kidogo, na mwenzake wa Farkadani yuko karibu, kulia kwake, hafifu kuliko yeye. Chagua usiku wenye mwezi ili upeo uonekane, ila mwezi usiwe upande huo huo.

Nungwi iko digrii 5 na dakika 44 kusini. Kwa hesabu yangu utaikuta digrii 10 na kidogo, yaani isba 6 na theluthi. Kwa kibao cha sentimita 5, fundo liwe sentimita 28 kutoka kwenye kibao. Usifunge fundo kabla. Shika uzi kwa meno, usogeze mpaka kibao kiguse maji na nyota kwa pamoja, tia alama kwa kalamu, kapime kwa rula ndani. Ukipata kati ya 26 na 30 umefanya vizuri sana kwa mara ya kwanza. Simama chini ufukweni, usipande ghorofani, maana ukiwa juu upeo unashuka na nyota inaonekana imepanda kuliko ilivyo.

Ukiwa na ndugu Mtwara, mpe kibao cha ukubwa huo huo. Yeye ataipata kwenye isba 3 na nusu, uzi sentimita 50. Aliye Lamu ni isba 8 na nusu, sentimita 21. Mkileta namba zenu hapa, tutatoa umbali kati ya Nungwi na Mtwara kwa uzi na kibao, kisha tulinganishe na ramani.

Kikombo

Mtwara nipo mimi. Ila kaskazini kwangu kuna minazi, nitafute ufuko gani?

Hesabu_Ngumu

Nenda Msimbati, tafuta sehemu ya ufuko inayotazama kaskazini. Na uzi usiwe wa nailoni, unanyumbuka.